Mnara katika Shamba la Familia: Haki ya Mkuza wa Umeme na Lugha ya Fidia katika Mpaka wa Busia na Tororo

Ikisiri

Makala haya yanafafanua migogoro ya kisheria kati ya wamiliki wa ardhi na kampuni za kusafirisha umeme katika ukanda wa Busia na Tororo, mpakani mwa Kenya na Uganda. Hoja kuu ni kwamba migogoro hiyo haihusu kiasi cha fedha peke yake. Inahusu pia aina ya haki inayotolewa mnara unapojengwa: je, mwenye shamba ameuza, amekodisha, au ameruhusu tu? Hati husika huandikwa kwa Kiingereza, na haki yenyewe haina jina moja linalofahamika kwa wale wanaotakiwa kuitolea ridhaa. Makala yanalinganisha katiba na sheria za nchi hizi mbili kuhusu aina ya haki, wakati wa kulipa na mahali pa kudai. Kisha yanaonyesha kwamba sheria zilizopo tayari zinampa mwenye shamba msingi wa kudai hati anayoielewa.

Istilahi za msingi: mkuza, fidia, ridhaa, uthamini, lugha ya sheria

1.0 Utangulizi

Umeme ulianza kuvuka mpaka wa Uganda na Kenya kabla ya nchi hizo kupata uhuru. Bwawa la Owen Falls mjini Jinja, ambalo sasa huitwa Nalubaale, lilifunguliwa mwaka 1954. Mwaka huohuo iliundwa kampuni ya Kenya Power Company, ambayo kazi yake ilikuwa kujenga njia ya kusafirisha umeme wa bwawa hilo kutoka Tororo hadi Nairobi. Tangu hapo Tororo imekuwa lango la umeme kati ya nchi hizi mbili. Katika miaka ya karibuni, njia mpya ya msongo mkubwa kati ya Lessos na Tororo imejengwa chini ya mpango wa kuunganisha gridi za nchi za maziwa ya ikweta ya Mto Nile, na Benki ya Maendeleo ya Afrika ni miongoni mwa wafadhili wake. Upande wa Uganda mhusika mkuu ni UETCL, kampuni iliyoundwa mwaka 2001 baada ya bodi ya umeme ya taifa kuvunjwa. Upande wa Kenya ni KETRACO, iliyoundwa mwaka 2008.

Njia hizi hupita katika mashamba ya watu. Katika ukanda huu mashamba mengi ni madogo, yamegawanywa kwa urithi kizazi baada ya kizazi, na ndiyo yanayotoa mihogo, mahindi, mtama na miwa ambayo familia huishi kwayo. Mnara mmoja kwa hiyo unaweza kugusa riziki ya ndugu kadhaa kwa wakati mmoja. Aidha, kwa kuwa mpaka unapita katikati ya jamii zilezile, wakiwamo Wateso na Wasamia, jamaa wa ukoo mmoja wanaweza kujikuta chini ya mradi uleule huku haki zao zikipimwa kwa sheria mbili tofauti. Hali hii inaufanya mpaka wa Busia na Tororo kuwa mahali pazuri pa kuchunguza swali ambalo kwa kawaida hujadiliwa ndani ya nchi moja tu.

2.0 Sehemu tatu za shamba lililoguswa

Ili kuelewa migogoro, ni muhimu kutenganisha sehemu tatu za ardhi ambazo hati za mradi huzitendea kwa namna tofauti. Ya kwanza ni mahali mnara unaposimama. Hapo matumizi ya kilimo hukoma kabisa. Ya pili ni ukanda ulio chini na kandokando ya nyaya. Tanzania huuita ukanda huo mkuza, na istilahi hiyo ndiyo inayotumiwa katika makala haya. Ndani ya mkuza mazao mafupi huruhusiwa, lakini nyumba na miti mirefu kama mikalitusi hukatazwa. Kuchoma takataka za shamba hapo ni hatari pia, kwa sababu moto na moshi mzito vinaweza kuufanya umeme uruke kutoka kwenye waya hadi chini. Sehemu ya tatu ni ardhi iliyobaki nje ya mkuza. Kwenye hati haijaguswa, lakini inaweza kuwa imekatwa vipande au kupungua thamani.

Ukubwa wa athari hutegemea upana wa mkuza. Nchini Kenya, njia ya kilovolti 132 huhitaji mkuza wa mita 30, na ya kilovolti 400 huhitaji mita 60. Ekari moja yenye umbo la mraba ina upande wa takriban mita 64. Mkuza wa mita 30 ukipita katikati yake, karibu nusu ya ekari hiyo haiwezi tena kujengwa. Mkuza wa mita 60 ukipita hapohapo, zinabaki mita mbili tu kila upande. Kwa mwenye ekari 50 hili ni punguzo dogo. Kwa mwenye ekari moja ni sawa na kuambiwa kwamba mwanawe hatajenga tena katika kiwanja cha babu yake.

Hapa ndipo hesabu ya fidia inapoanza kuzua ubishi. Kwa kuwa mwenye shamba anaruhusiwa kuendelea kulima, mthamini hukokotoa fidia ya mkuza kama sehemu tu ya thamani ya ardhi. Chukulia, kwa mfano wa hesabu, kwamba ekari imethaminiwa kuwa shilingi 800,000 na kiwango kilichowekwa ni asilimia 30. Mwenye shamba atapokea shilingi 240,000. Kiasi hicho kinaweza kuwa cha haki kwa shamba lililokuwa la mihogo na litakaloendelea kuwa la mihogo. Hakiwezi kutosha kwa kiwanja kilichotengwa kwa ajili ya nyumba, kwa sababu kilichopotea hapo ni tumaini lote la kujenga. Asilimia ileile, katika viwanja viwili vinavyopakana, inaweza kuwa haki kwa mmoja na dhuluma kwa mwingine.

3.0 Kuuza, kukodisha au kuruhusu?

Neno la Kiingereza linalotumiwa katika hati za mkuza limeundwa kwa maneno mawili, moja lenye maana ya njia na jingine lenye maana ya ruhusa. Mtu akilitafsiri kwa juujuu atapata dhana ya ruhusa ya kupita. Kisheria, hata hivyo, haki hiyo ni nzito kuliko ruhusa. Hulipiwa mara moja. Kwa kawaida haina tarehe ya kwisha. Umiliki hubaki kwa mwenye shamba, lakini masharti huwafunga yeye, warithi wake na yeyote atakayelinunua shamba hilo baadaye.

Wakulima wengi wana uzoefu wa miamala mingine ya ardhi, na ni kawaida kuitumia hiyo kutafsiri jambo jipya. Anayedhani kwamba ameuza hushangaa kupewa sehemu ya bei badala ya bei kamili. Anayedhani kwamba amekodisha husubiri malipo ya mwaka unaofuata. Dhana hii ya pili ina sababu ya msingi. Kampuni za simu kwa kawaida hukodi mahali pa kusimamisha minara yao na kulipa kodi kwa vipindi. Jirani mwenye mnara wa simu anapopokea kodi, mwenye mnara wa umeme huona kwamba ametapeliwa, ilhali miamala hiyo miwili ni tofauti kisheria. Anayedhani kwamba ametoa ruhusa tu huamini kwamba anaweza kuiondoa akiona mafundi wameharibu mazao yake, na huenda akawazuia kuingia. Kizuizi hicho humfikisha mahakamani akiwa mshtakiwa.

Kwa hiyo madai matatu tofauti yanaweza kutokana na hati moja. Kinachoyaunganisha ni kwamba mwenye shamba hakuelezwa, kwa lugha anayoifahamu, ni haki gani hasa inaondoka na ni ipi inabaki.

4.0 Katiba mbili, njia moja ya umeme

Jambo la kwanza linalopaswa kufahamika ni kwamba katiba za nchi zote mbili hazilindi umiliki wa ardhi peke yake. Ibara ya 26 ya Katiba ya Uganda ya mwaka 1995 na Ibara ya 40 ya Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 zinalinda pia maslahi na haki zilizo juu ya mali. Kwa sababu hiyo, hoja kwamba mwenye shamba hajanyang'anywa kitu kwa kuwa hatimiliki bado ni yake ni dhaifu. Haki ya kujenga, ya kupanda miti na ya kuchagua matumizi ya ardhi ni maslahi juu ya mali, na mkuza huyapunguza.

Tofauti ya nchi hizi huanza katika swali la wakati. Katiba ya Uganda inataka fidia ya haki na ya kutosha ilipwe upesi, kabla ya mali kuchukuliwa. Mwezi Oktoba 2015 Mahakama ya Juu ya Uganda ilitoa uamuzi katika Rufaa ya Kikatiba Namba 2 ya 2014, shauri lililoihusu mamlaka ya barabara ya taifa na ardhi iliyohitajika kwa barabara ya Hoima, Kaiso na Tonya. Mahakama iliamua kwamba kifungu cha 7(1) cha Sheria ya Utwaaji wa Ardhi, kilichoiruhusu serikali kuingia katika ardhi kabla ya kulipa, kinakiuka Katiba. Ingawa shauri lilihusu barabara, kanuni iliyothibitishwa ni ya jumla. Mwaka 2017 serikali ilipendekeza kubadili Ibara ya 26 ili iweze kuweka fidia mahakamani na kuendelea na mradi pale mwenye ardhi anapokataa kiasi kilichothaminiwa. Pendekezo hilo lilipingwa vikali na halikuwa sheria.

Kenya ilichukua njia nyingine. Katiba yake inadai malipo ya upesi, kwa ukamilifu, ya fidia ya haki, lakini haisemi kwamba malipo hayo lazima yatangulie. Sheria ya Marekebisho ya Thamani ya Ardhi ya mwaka 2019 ilifafanua neno upesi kuwa ni ndani ya muda unaofaa, usiozidi mwaka mmoja baada ya ardhi kuchukuliwa. Ufafanuzi huo unahusu utwaaji wa lazima. Kuhusu mkuza, kifungu cha 148 cha Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 kinataka fidia ilipwe upesi na chombo kilichoomba haki hiyo, ikijumuisha uharibifu wa mazao, miti na majengo.

Hivyo basi neno moja, upesi, lina maana mbili katika kingo mbili za mpaka mmoja. Upande wa Tororo, mwenye shamba anaweza kusema: nilipeni kwanza, kisha mwingie. Upande wa Busia ya Kenya, serikali ikiitwaa ardhi kwa lazima, mwenyewe anaweza kuambiwa asubiri hadi mwaka mmoja huku ardhi ikiwa tayari imechukuliwa. Mshauri wa sera anayeandaa mradi wa pamoja wa kikanda hana budi kuliona pengo hili mapema, kwa sababu habari za malipo huvuka mpaka haraka kuliko nyaya.

5.0 Nani alipwe, na adai wapi?

Hata pale kiasi na wakati vinapokubalika, swali la mlipwaji hubaki. Kwa upande wa Kenya, ardhi nyingi imesajiliwa, lakini si ajabu hatimiliki kubaki kwa jina la babu aliyekwisha kufariki. Ili warithi walipwe, hupaswa kwanza kufungua shauri la mirathi na kupata idhini ya kusimamia mali ya marehemu. Gharama na muda wa hatua hiyo vinaweza kuimeza sehemu nzuri ya fidia yenyewe. Ibara ya 40(4) ya Katiba ya Kenya inaruhusu kutungwa utaratibu wa kuwafidia wakaazi wa nia njema wasio na hatimiliki, na mlango huo unaweza kuwasaidia wengi.

Kwa upande wa Uganda, sehemu kubwa ya ardhi inamilikiwa kimila bila hati. Hapo mgogoro huelekea kuwa wa ndani ya ukoo: je, aliyetia sahihi alikuwa na mamlaka ya kuwasemea wengine? Sheria ya Ardhi ya Uganda inataka ridhaa ya mwenzi wa ndoa katika miamala ya ardhi ya familia. Fomu iliyotiwa sahihi na mume peke yake kwa hiyo inaweza kupingwa. Vilevile viwango vya fidia ya mazao na majengo yasiyo ya kudumu hupangwa na bodi ya ardhi ya kila wilaya, jambo linaloweza kuufanya mwembe wa Busia ya Uganda uwe na bei tofauti na mwembe wa Tororo. Sheria hiyo huongeza posho ya usumbufu ya asilimia 15 juu ya fidia, au asilimia 30 ikiwa notisi ya kuondoka ni ya chini ya miezi sita. Mwenye shamba asiyejua tarehe aliyopokea notisi hawezi kujua kama amelipwa posho iliyo sahihi.

Swali la mahali pa kudai nalo lina utata. Nchini Kenya, Sheria ya Ardhi inampeleka mlalamikaji mahakamani, yaani Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Sheria ya Nishati ya mwaka 2019, kwa upande wake, ina baraza lake la kuamua migogoro ya nishati na petroli, na yapo mashauri ya mkuza yaliyoondolewa mahakamani kwa sababu walalamikaji hawakupitia kwanza vyombo vya sekta ya nishati. Marekebisho ya mwaka 2019 yaliongeza baraza jingine la migogoro ya utwaaji wa ardhi. Uganda nayo ina baraza la migogoro ya umeme chini ya Sheria ya Umeme ya mwaka 1999, sambamba na mahakama za kawaida. Anayekosea mlango hupoteza miaka, na muda wa kisheria wa kudai unaweza kumpita. Kenya, kwa mfano, ina kikomo cha miaka mitatu kwa madai ya madhara na miaka 12 kwa madai ya kurejeshewa ardhi.

Ucheleweshaji huu hauwaumizi wakulima pekee. Njia ya Loiyangalani hadi Suswa, iliyokusudiwa kubeba umeme wa upepo wa Ziwa Turkana, iliunganishwa Septemba 2018 ilhali mitambo ya upepo ilikuwa tayari tangu mwaka 2017. Kufilisika kwa mkandarasi kutoka Uhispania kulichangia, na vivyo hivyo ugumu wa kupata mkuza. Wakenya walibebeshwa mabilioni ya shilingi kwa ajili ya umeme ambao haukuweza kusafirishwa. Kumweleza mwenye shamba mapema na kwa ukamilifu ni gharama ndogo mno ikilinganishwa na hasara ya namna hiyo.

6.0 Lugha ya hati na lugha ya mwenye shamba

Sheria ya Mwenendo wa Madai ya Uganda inaifanya lugha ya mahakama zote kuwa Kiingereza. Ya Kenya inaruhusu Kiswahili katika mahakama za chini, lakini Kiingereza ndicho lugha ya Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani. Hati za fidia hufuata mkondo huo. Hata hivyo, sheria hizohizo za nchi hizi zina vifungu ambavyo vikitumika ipasavyo vinaweza kubadili hali.

Nchini Uganda ipo Sheria ya Kuwalinda Wasiojua Kusoma na Kuandika, iliyotungwa enzi ya ukoloni. Tafsiri yake ya mtu asiyejua kusoma inastahili kuzingatiwa. Kuhusiana na hati yoyote, ni mtu asiyeweza kusoma na kuelewa maandishi au lugha ambayo hati hiyo imeandikwa. Mwalimu mstaafu anayesoma Kiteso kwa ufasaha, lakini asiyemudu Kiingereza cha kisheria, anaweza kuwa asiyejua kusoma mbele ya hati hiyo. Sheria inamtaka anayemwandikia mtu wa namna hiyo ataje jina na anwani yake, na kufanya hivyo ni sawa na kuthibitisha kwamba hati ilisomwa na kufafanuliwa. Mahakama za Uganda zimewahi kukataa viapo vilivyokiuka matakwa hayo. Kwa upande wa Kenya, Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016 inavitaka vyombo vya umma vizingatie lugha ya mahali husika vinapotoa taarifa.

Kiswahili kina nafasi ya pekee hapa. Ni lugha rasmi ya Kenya kwa mujibu wa Ibara ya 7, na Katiba ya Uganda inakitaja kuwa lugha rasmi ya pili tangu marekebisho ya mwaka 2005. Tanzania, kwa mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021, ilikifanya kuwa lugha ya sheria na ya mahakama. Kutokana na miradi ya gesi na umeme, Tanzania imejenga msamiati unaotumika kila siku: mkuza, uthamini, posho ya usumbufu, kupisha mradi, kituo cha kupoza umeme. Msamiati huo unaweza kuazimwa bila kuunda upya.

Hata hivyo, kuazima istilahi hakutoshi. Mkuza si neno la kawaida Malaba au Busia, na kwa wasemaji wa Kisamia, Kiteso au Kijopadhola, Kiswahili chenyewe ni lugha ya pili. Istilahi inahitaji kufuatana na maelezo mafupi yanayoweza kusomwa kwa sauti kikaoni na kufasiriwa katika lugha ya kijiji. Maelezo hayo yanaweza kuwa haya: "Shamba linabaki kuwa lako. Kampuni inapata haki ya kudumu ya kupitisha nyaya na kuingia kuzitunza. Ndani ya mkuza unaweza kupanda mazao mafupi, lakini wewe, watoto wako na atakayenunua shamba hamtaruhusiwa kujenga wala kupanda miti mirefu. Malipo haya ni ya mara moja. Si kodi ya kila mwaka. Usiporidhika na kiasi, una haki ya kukataa na kudai katika chombo kilichotajwa hapa chini." Sentensi hizi chache zinajibu maswali yote matatu ya sehemu ya tatu ya makala haya.

7.0 Hitimisho na mapendekezo

Makala yameonyesha kwamba mgogoro wa mnara huanza kabla ya fedha kuhesabiwa, pale haki isiyo na jina la kueleweka inapotolewa kwa sahihi au alama ya kidole gumba. Mapendekezo manne yanatokana na uchambuzi huu. Kwanza, kampuni za kusafirisha umeme za nchi zote mbili ziandae fomu ya pamoja ya Kiswahili inayotenganisha fidia ya mahali pa mnara, ya mkuza, ya mazao na ya ardhi iliyobaki. Pili, maelezo ya haki inayotolewa yasomwe hadharani kwa lugha ya kijiji, na msomaji aandike jina lake kwenye hati. Tatu, viwanja vidogo ambavyo mkuza unachukua karibu eneo lote vithaminiwe kama ardhi iliyotwaliwa, si kama ardhi iliyopunguziwa matumizi. Nne, kila fomu itaje chombo kimoja cha kuanzia madai na muda wa kudai.

Hakuna pendekezo hata moja kati ya haya linalohitaji katiba kubadilishwa. Msingi wa kisheria upo tayari. Kinachohitajika ni watayarishaji wa miradi kutambua kwamba ridhaa ya mtu asiyeelewa alichokiridhia haitaimaliza kesi. Itaisogeza mbele tu, hadi siku ambayo mwanawe atakapotaka kujenga.